Nusu ya Deni Iko Mwaka wa 15

Wakubwa wangu, shikamooni. Rika langu na wadogo zangu, habari za asubuhi.

Naona wengi mmekuja na bahasha, na najua ndani ya bahasha hizo kuna nini, kwa sababu kwa miaka 11 kazi yangu ilikuwa kuziandaa. Nilikuwa afisa wa mikopo ya nyumba. Mtu anakaa mbele yangu, mara nyingi na mwenzi wake, pengine na mama yake mzazi, na salamu zikiisha swali la kwanza ni lile lile: "Kwa mwezi ni ngapi?"

Ni swali la haki. Mshahara unakuja kwa mwezi, ada na matumizi ya nyumbani vinakwenda kwa mwezi, basi na deni lipimwe kwa mwezi. Lakini walioniuliza "Nikimaliza, nitakuwa nimelipa ngapi?" nawahesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Nami sikuwaambia wasioniuliza. Mwajiri wangu hakunikataza kusema, ila hakunitaka niseme, na mimi nikanyamaza. Jambo hilo linaniuma hadi leo, na ndilo lililonileta mbele yenu.

Nitatumia mfano mmoja tu asubuhi hii, tuufuate mpaka tuuzoee. Nyumba ni ya milioni 125. Una milioni 25 za kianzio, unakopa milioni 100. Riba ni asilimia 12 kwa mwaka, inakokotolewa kila mwezi juu ya salio la deni. Muda ni miaka 20. Ni milioni za fedha gani? Fedha yoyote unayoitumia wewe. Ukibadilisha jina la fedha hesabu haibadiliki hata tarakimu moja.

Rejesho la mwezi ni 1,101,086. Hiyo ndiyo namba wanayokuandikia kwa herufi nene. Izidishe sasa kwa miezi 240. Unapata milioni 264 na laki mbili na ushee. Ulichukua 100, utarudisha 264. Riba peke yake ni milioni 164, yaani mkopo wenyewe mara moja na zaidi ya nusu.

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Harusi ya mkopo wa nyumba ni siku ya kukabidhiwa funguo, na wote tunaipiga picha. Matanga yake yamekatwa vipande 240, na kila kipande ni kidogo kiasi cha kubebeka. Ndiyo maana hatuyaoni.

Lakini jumla hiyo siyo jambo kubwa kuliko yote nililokuja kusema. Kubwa zaidi ni mpangilio wake: nini kinalipwa kwanza, nini kinalipwa mwisho.

Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 100. Riba ya asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, kwa hiyo riba ya mwezi huo ni milioni 1 kamili. Umelipa 1,101,086. Toa milioni 1 ya riba. Kinachobaki, 101,086, ndicho kilichopunguza deni lako. Chini ya sehemu moja kwa kumi ya jasho lako imegusa nyumba. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba nayo inapungua kidogo, na deni linapunguzwa kidogo zaidi. Hakuna hila hapo, wala aliyekuibia. Ni hesabu tupu: kwa kuwa rejesho ni lile lile kila mwezi na deni ni kubwa mwanzoni, riba hula kwanza, nyumba hula makombo.

Mwaka wa kwanza ukiisha umelipa milioni 13.2, na deni limeshuka kwa milioni 1 na laki mbili themanini. Mwaka wa tano umelipa milioni 66, bado unadaiwa milioni 91.7. Mwaka wa kumi, katikati ya safari, umeshalipa milioni 132, zaidi ya ulichokopa. Unadaiwa milioni 76.7.

Niliwahi kukaa na mzee mmoja aliyefika hapo, miaka kumi kamili, hajachelewa hata mwezi mmoja. Alikuja akiamini amebakiza nusu. Nilipomgeuzia skrini akaiangalia muda mrefu, kisha akauliza kama kuna malipo yake yaliyopotea. Hayakupotea. Yalikwenda yalikopangiwa tangu siku aliyotia saini, na jedwali lililoonyesha hivyo lilikuwa kiambatisho cha mkataba wake, ukurasa wa mwisho, maandishi madogo.

Kwa mkopo wetu wa mfano, siku unayomaliza kulipa nusu ya deni la msingi, yaani mtaji uliokopa bila riba, ni mwezi wa 180. Mwaka wa 15. Robo tatu ya muda inapita ndipo nusu ya mtaji inakwisha. Nusu ya pili inalipwa ndani ya miaka mitano ya mwisho. Naomba mkumbuke namba hiyo, tutairudia.

Kwa nini inawahusu? Kwa sababu watu wengi hawakai na mkopo mmoja hadi mwisho. Kazi inawahamisha, familia inakua, ndoa inavunjika, mzazi anaugua. Anayeuza nyumba mwaka wa tano huwa anafikiri amejiwekea akiba ya miaka mitano ukutani. Kwa mkopo huu alichokiweka ukutani, ukiacha kianzio, ni milioni 8 na robo. Zaidi ya milioni 57 zilikwenda kwenye riba. Kama bei ya nyumba haikupanda, na ukatoa gharama za kuuza, anaweza kuondoka na kidogo mno.

Hapo ndipo ninapopingana na usemi unaorudiwa sana, kwamba kodi ya pango ni fedha ya kutupa na rejesho la mkopo ni fedha ya kujenga. Riba nayo ni kodi ya pango. Umepanga fedha ya mtu, na kila mwezi unamlipa kwa kukaa nayo. Mwaka wa kwanza wa mkopo wetu kodi hiyo ni milioni 11.9. Kwa hiyo anayetaka kulinganisha kupanga na kununua asiweke kodi ya pango upande mmoja na rejesho upande wa pili. Aweke kodi ya pango upande mmoja; upande wa pili aweke riba, ukarabati, bima, kodi ya majengo, na faida ambayo kianzio chake kingezaa kama kingekaa mahali pengine. Wakati mwingine kununua kutashinda, na pengine vizuri sana. Sisemi msinunue. Mimi mwenyewe nakaa kwenye nyumba niliyoikopea. Ninachotaka ni hesabu iwe ya kweli.

Tuje kwenye muda, maana hapa ndipo wakopaji wanapoumia kwa hiari yao. Afisa akikuona umekunja uso kwa rejesho la 1,101,086, atakupa unafuu: "Tunaweza kukusogezea hadi miaka 30." Rejesho linashuka hadi 1,028,613. Umepata nafuu ya 72,473 kwa mwezi, unashukuru, unatia saini. Jumla ya malipo imetoka milioni 264 imefika 370. Nafuu ya elfu 72 kwa mwezi imenunuliwa kwa milioni 106. Nimewahi kutoa unafuu huo mara nyingi, na watu walinishika mkono kwa furaha.

Geuza upande wa pili. Mkopo ule ule kwa miaka 15 una rejesho la 1,200,168, yaani kama 99,000 zaidi kwa mwezi. Jumla yake ni milioni 216. Umeokoa milioni 48. Kwa riba za juu, kurefusha muda kunapunguza rejesho kidogo sana, kwa sababu sehemu kubwa ya rejesho ni riba, na riba ya milioni 100 haipungui ati kwa sababu umeomba miaka zaidi. Ukishalielewa hilo, miaka 30 haitakuvutia tena hivi hivi.

Riba yenyewe nitaigusa kwa mfano wa nchi moja ambako takwimu zake zimehifadhiwa vizuri. Marekani, wastani wa riba ya mkopo wa nyumba wa miaka 30 usiobadilika ulifika asilimia 18.63 Oktoba 1981. Januari 2021 ulishuka hadi asilimia 2.65. Weka milioni zetu 100 hapo. Kwa riba ya 2021 mkopaji anarudisha milioni 145 kwa miaka yote 30. Kwa riba ya 1981, milioni 561. Wengi wa waliokopa wakati ule hawakulipa kiwango hicho hadi mwisho, kwa sababu riba zilipoanguka walichukua mkopo mpya wa bei nafuu na kuufuta wa zamani. Haki ya kuhama ni mali. Chunguzeni kama mikataba yenu inayo, na inatozwa nini.

Mkopo wa riba inayobadilika una mtego ambao sijaona ukielezwa vizuri popote mezani. Tuseme miaka mitano imepita, unadaiwa milioni 91.7, na riba inapanda kutoka 12 hadi 14. Mkopeshaji anaweza kufanya moja kati ya mawili. La kwanza, kupandisha rejesho ili umalize siku ile ile: litakuwa kama 1,221,800, ongezeko la zaidi ya 120,000 kwa mwezi. Linauma, lakini unaliona. La pili ni kuliacha rejesho lilivyo na kurefusha muda. Hili haliumi. Hupigiwi simu, pengine unapata barua ya aya mbili. Lakini riba ya mwezi sasa ni 1,070,350, nawe unalipa 1,101,086. Elfu 30 tu zinagusa deni. Ulibakiza miaka 15. Sasa umebakiza zaidi ya miaka 25. Alama mbili tu za riba zimekuongezea zaidi ya miaka kumi, na maisha ya nyumbani hayajabadilika hata kidogo, kwa hiyo hujui.

Ikipanda zaidi kidogo ya hapo, riba inalipita rejesho na deni linaanza kukua huku unalipa.

Kwa hiyo kila barua ya mabadiliko ya riba ikifika, msiangalie rejesho tu. Ulizeni tarehe ya mwisho imekuwa lini.

Likizo ya marejesho, yaani ruhusa ya kusimamisha malipo kwa muda, ni ndugu wa mtego huo. Ni msaada wa kweli kwa aliyepoteza kazi, na mwenye shida asione haya kuiomba. Lakini ajue bei yake. Mkopaji wetu amelipa mwaka mzima, milioni 13.2, ameshusha deni hadi milioni 98.7. Anapewa miezi sita ya kupumzika, na riba ya miezi hiyo inaongezwa kwenye deni. Anaporudi anadaiwa milioni 104.8. Yuko juu ya pale alipoanzia.

Wako pia wanaotangaziwa "asilimia 7 tu." Ulizeni: asilimia 7 ya nini? Kama ni ya mkopo wote wa mwanzo kwa kila mwaka, bila kujali umeshalipa kiasi gani, basi kwa milioni 100 na miaka 20 riba ni milioni 140, na rejesho ni milioni 1 kamili. Ukiigeuza kuwa riba ya salio linalopungua, ni kama asilimia 10.5. Asilimia mbili zenye majina tofauti hazilinganishwi. Marekani ililiona tatizo hili ikatunga sheria mwaka 1968 kuwalazimisha wakopeshaji kutaja gharama ya mkopo kwa kipimo kimoja cha mwaka chenye riba na ada nyingi ndani yake, na nchi nyingine zina masharti ya namna hiyo. Kama kwenu kipimo hicho kipo, hicho ndicho cha kulinganisha. Kama hakipo, linganisheni jumla ya malipo kwa muda ule ule.

Na wanaokopa kwa fedha ya kigeni kwa sababu riba yake ni ndogo, nawaomba wasome yaliyowapata watu wa Poland na Hungaria. Maelfu kwa maelfu walikopea nyumba kwa faranga ya Uswisi huku mishahara yao ikiwa ya fedha ya nyumbani. Tarehe 15 Januari 2015 benki kuu ya Uswisi iliondoa kikomo ilichokuwa imekiweka cha faranga 1.20 kwa yuro moja, na faranga ikapaa siku hiyo hiyo. Waliokuwa bado na mikopo hiyo Poland walilala na deni moja wakaamka na jingine. Hungaria ilikuwa imeshaanza kuibadilisha mikopo ya raia wake kuwa ya fedha yake, baada ya maumivu ya miaka kadhaa.

Gharama za pembeni nitazipita haraka, maana mnazijua: ada ya kuandaa mkopo, uthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, bima ya nyumba, bima ya maisha, na mwishoni ada ya kuifuta rehani kwenye hati. Kuna moja tu ya kusimama nayo. Ukiambiwa "usijali, ada hizi tutaziingiza kwenye mkopo," jali. Milioni 3 za ada ndani ya mkopo wetu zitarudi zikiwa karibu milioni 8. Kama unaweza kuzilipa taslimu, zilipe taslimu.

Kisha nyumba yenyewe inakula. Paa, mabomba, rangi, nyaya. Makadirio yanayotumiwa sana ni asilimia 1 ya thamani ya nyumba kwa mwaka. Kwa nyumba yetu ni 1,250,000 kila mwaka, milioni 25 kwa miaka 20. Jumlisha kianzio 25, marejesho 264, matunzo 25, na tuseme ada za kununulia milioni 5. Nyumba ya milioni 125 imekaribia milioni 320, kabla ya bima na kodi ya majengo.

Sasa lazima niwe mwadilifu, maana kuna mtu hapa anajua uchumi na amekaa kimya muda mrefu. Milioni 1.1 ya mwaka wa 20 siyo milioni 1.1 ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kila mwaka, rejesho la mwisho litanunua kile ambacho 415,000 zinanunua leo. Ni kweli, na ni faida halisi ya mkopaji, hasa mwenye riba isiyobadilika. Kwa hiyo ile 264 si ya kuiogopa kana kwamba inalipwa leo. Lakini nimeona watu wakijifariji kwa hoja hii bila kuikamilisha. Faida hiyo unaipata kama mshahara wako nao unapanda, na si kila mshahara unapanda. Na kama riba yako inabadilika, mfumuko wa bei ukija mara nyingi riba nayo hupandishwa, na kile ulichodhani utakipata kinachukuliwa kwa mkono mwingine.

Nimewatisha vya kutosha. Lile lile linalofanya deni liwe zito mwanzoni ndilo linalofanya senti ya ziada iwe na nguvu mwanzoni. Mkopaji wetu akiongeza 100,000 kila mwezi tangu mwezi wa kwanza, anamaliza mwaka wa 15 badala ya wa 20. Ameongeza kama milioni 18 kwa muda wote huo, na jumla ya malipo yake imepungua kwa milioni 48. Akisubiri hadi mwaka wa 11 ndipo aanze kuongeza 100,000 hiyo hiyo, anaokoa milioni 9 hivi. Au chukua aliyepata milioni 5 mwishoni mwa mwaka wa kwanza akaziingiza zote kwenye mtaji: marejesho 36 ya mwisho yanafutika. Miaka mitatu.

Mawili ya kuangalia kabla hujakimbia kulipa. Soma kama kuna adhabu ya kulipa kabla ya muda, na inaisha mwaka gani. Halafu andika barua, kwa maandishi, kwamba malipo ya ziada yapunguze mtaji na muda ufupishwe. Bila maelekezo hayo, fedha yako inaweza kuhesabiwa kuwa rejesho la mwezi ujao lililolipwa mapema, au rejesho likapunguzwa na muda ukabaki vile vile. Nilishuhudia mama mmoja aliyelipa ziada kwa miaka minne na hakupunguza hata mwezi mmoja, kwa sababu hakuna aliyemwambia kuna fomu. Na usimalize akiba yote ya dharura kwa hamu ya kushusha deni; ukuta hautakurudishia fedha siku mtoto akilazwa.

Basi tufanye kazi tuliyokuja kufanya. Kwenye viti vyenu kuna jedwali la mistari 240, mkopo wetu wa mfano, mwezi kwa mwezi. Nguzo ya kwanza ni rejesho, ya pili riba, ya tatu mtaji, ya nne salio. Wenye bahasha, toeni jedwali la mkopo wenu muweke kando yake. Ambao hamkupewa jedwali, nyoosheni mkono niwaone, tutaliandika pamoja kwa kikokotoo cha simu. Tunahitaji kiasi, riba na muda tu.

Pitisheni kidole kwenye nguzo ya nne mpaka salio lifike nusu ya mlichokopa. Kwenye jedwali langu ni mstari wa 180. Kwenye lenu andikeni mstari mliouona, na pembeni yake umri mtakaokuwa nao mwezi huo. Nitapita safu kwa safu, naanzia nyuma.